Pembe Moja

Jina lilikuwa limeandikwa kwa rangi nyekundu juu ya mlango wa karakana, pale Mkolani, kwa herufi zinazosomeka mpaka ng'ambo ya barabara: PEMBE MOJA, MAGETI NA MADIRISHA. Wateja walidhani ni jina la biashara tu, la kuvutia macho. Kumbe lilikuwa jina la fundi mwenyewe. Mashimba, mchomeleaji wa miaka thelathini na mbili, mwenye mabega ya kubebea vyuma, alikuwa ameitwa Pembe Moja tangu akiwa mchanga, na aliyemwita hivyo ni bibi yake mzaa baba, Bibi Minza wa Usagara, ndiye aliyemlea. "Mume wangu Pembe Moja," alikuwa akimwita, kwa utani ule wa bibi na mjukuu wa kiume ambao hakuna mtu anayeukasirikia wala kuuhoji.

Jina lilimpendeza mno. Tangu shule ya msingi alikuwa akisimulia kwamba babu yake alikuwa na dume lenye pembe moja, lililokuwa likitimua madume yote ya Usagara. Nani alimpa habari za dume hilo, hakumbuki. Labda wenzake wa kuchunga, labda alijitungia mwenyewe akaja kuziamini. Kila mwaka dume lilinenepa kidogo, na wakati anamuoa Kokugonza lilikuwa limeshaua fisi. Hata kwenye jezi yake ya ukipa, mgongoni, hakuandika Mashimba. Aliandika Pembe Moja.

Mambo yalianza na mpira. Jumamosi moja jioni timu yao ya mtaani ilikuwa ikicheza na watu wa Buhongwa, na mshambuliaji mmoja akapiga shuti la karibu lililomkuta Mashimba pale pabaya. Akaanguka, akajikunja. Uwanja mzima ulicheka, maana wanaume hucheka mwenzao akipigwa pale, hata wale ambao mioyoni wanamwonea huruma. Akainuka, akapangusa magoti, akamaliza mchezo.

Alipokuwa anaoga alijipapasa kuona kama ameumia. Upande wa kushoto palikuwa sawa. Upande wa kulia, kwenye korodani yenyewe, si kwenye ngozi yake, vidole vilikutana na kitu kigumu cha ukubwa wa njugu mawe. Akakibonyeza, hakikuuma. Akakibonyeza tena kwa nguvu, akiyatafuta maumivu kama mtu anavyotafuta funguo mfukoni, na maumivu hayakuwepo. Basi akashusha pumzi, akajisugua mgongo, akaenda kula. Masikini Mashimba, alikuwa miongoni mwa wanaume wengi wanaoamini kwamba ugonjwa ni ule unaouma.

Wiki zilipita na kile kitu hakikuondoka. Alikuwa akikipima kila anapooga, huku akijiambia kwamba hapimi, ananawa tu. Kilikuwa kikikua polepole, kwa adabu, bila kumsumbua mtu. Korodani ile ikaanza kuwa nzito kuliko mwenzake, na chini ya tumbo akawa anahisi kitu kinavuta kwenda chini, hasa akisimama muda mrefu kwenye mashine ya kukatia chuma. Siku moja alipoinamia geti kulisawazisha, ubao wa meza ukamgusa kifuani na chuchu ikamuuma kama ya msichana anayebalehe. Alishangaa, akacheka peke yake, kisha kicheko kikakatika katikati na hakujua kwa nini.

Mtu wa kwanza kumwambia, na kwa muda mrefu mtu pekee, alikuwa Chenge, beki wa timu yao, muuza vipuri vya pikipiki. Alimwambia kwa kuzungukazunguka, kana kwamba anamsemea mtu mwingine. Chenge hakudanganyika, ila alikuwa na jibu tayari. Huo ni mshipa, alisema. Na neno hilo likamtosha Mashimba, kwa sababu kwa watu wa huko mshipa ni kila kitu kilicho chini ya kitovu cha mwanaume: ngiri ni mshipa, busha ni mshipa, mgongo ukikaza ni mshipa, hata kukosa hamu ya mke ni mshipa. Chenge alimjua jamaa mmoja anayevuta maji ya busha kwa sindano, nyumbani kwake, kimya kimya, mtu anarudi kazini siku hiyo hiyo. Mashimba alisema atamtafuta. Hakumtafuta, na katika hadithi hii nzima hilo ndilo jambo jema alilolifanya kwa uvivu.

Lakini neno mshipa lilikuwa na upande wake mwingine, ambao Chenge hakuujua. Baba yake Mashimba, mzee Shimba, ambaye hakupata hata kuwa mzee, alikufa kwa mshipa. Ndivyo walivyosema. Mashimba alikuwa darasa la kwanza. Alimkumbuka baba amelala kwa ubavu kwenye mkeka, mgongo umeegemezwa ukutani kwa sababu ndivyo ulivyopata nafuu, tumbo limekuwa gumu, na bibi anachemsha mizizi jikoni kutwa. Baadaye wakasema ametupiwa kitu na jirani kwa ajili ya mpaka wa shamba, na jirani akahama. Baba alikuwa na miaka thelathini na mitatu. Mashimba angefikisha umri huo mwaka huu, kabla ya Krismasi.

Kisha mgongo ukaanza. Ulikuwa unauma chini, ndani, mahali ambapo hata ukikandwa mkono haufiki. Kokugonza, mkewe, alikuwa Mhaya wa Kamachumu, mwalimu wa darasa la pili, na kazi ya kusikiliza uongo wa watoto wa darasa la pili ilikuwa imemfundisha mengi. Mume akisema ni vyuma, anamtazama. Mume akisema ni kitanda, anamtazama. Alipoamka asubuhi moja akamkuta amelala kwa ubavu, mgongo ameuegemeza ukutani, hakusema mengi. Alimwambia achague: aende hospitali mwenyewe, au atafuatana naye akimshika mkono mbele ya mafundi wake. Mashimba akaenda mwenyewe.

Alienda kwa ajili ya mgongo. Daktari aliyemkuta alikuwa mwanamke wa rika lake, Daktari Bernadetta, mpole wa sauti na mkavu wa maneno, na Mashimba alimweleza mgongo wake kwa kirefu, chuma kwa chuma. Daktari akamsikiliza, kisha akamuuliza kama kuna uvimbe wowote mahali pengine. Akanyamaza. Daktari akasubiri. Kunyamaza kwao kulidumu mpaka Mashimba akaona aibu ya kunyamaza imezidi aibu ya kusema, akasema.

Alipimwa kwa mikono, akapimwa kwa altrasaundi, akatolewa damu. Kila mtu alikuwa mwema kwake, na wema huo ndio uliomtisha. Aliporudi kwenye kiti, alianza yeye kuzungumza, harakaharaka, juu ya mpira wa Jumamosi ile na shuti la yule kijana wa Buhongwa.

"Mpira haukukuletea hiki kitu," daktari alisema. "Mpira ulikuonyesha tu."

Alimweleza bila kupaka mafuta. Uvimbe mgumu usiouma ndani ya korodani ya kijana mwenye nguvu zake, kwa daktari, ni saratani mpaka vipimo vikatae, na vyake havikuwa vimekataa. Huwapata zaidi vijana, wale wanaodhani saratani ni ya wazee. Mgongo ule ulimpa wasiwasi, kwa hiyo atapimwa zaidi. Lakini hata ikiwa imeshapanda mgongoni, alisema, hii ni katika zile zinazotibika vizuri, mradi mtu asikae nayo nyumbani. Korodani ile itatolewa Alhamisi. Itakayobaki inatosha kwa watoto, kwa ndevu na kwa ndoa.

Kisha akauliza swali ambalo Mashimba hakulitegemea. "Ulipozaliwa, korodani zote mbili zilikuwa zimeshuka?"

"Mimi ni mwanaume kamili, daktari."

"Sijauliza hilo."

Akamfafanulia. Wapo watoto wa kiume wanaozaliwa moja ikiwa imebaki juu, tumboni au kwenye kinena. Huwa inashuka yenyewe katika miezi ya kwanza. Isiposhuka, mtoto anatakiwa kufanyiwa upasuaji mdogo mapema, kabla hajaanza hata kukimbia. Mtu aliyekaa nayo juu kwa miaka, hata kama ilikuja kushuka, anabeba hatari kubwa kuliko wenzake maisha yake yote, na anatakiwa kujipapasa mara kwa mara na kuwahi. Na mtu ambaye baba yake au ndugu yake aliugua hivyo, hali kadhalika. Mashimba akajibu kwamba baba yake alikufa kwa mshipa, si kwa saratani. Daktari akaliandika hilo.

"Uje na mkeo Alhamisi," alisema mwishoni. "Na umtafute aliyekuwa anakuogesha ukiwa mtoto. Yeye atakuwa anajua."

Nje ya hospitali jua lilikuwa kali na watu walikuwa wakinunua maji na machungwa kama kawaida. Pembe Moja, Mashimba alijisemea, sasa utakuwa na moja kweli. Wazo hilo lilimjia kama mzaha wa uwanjani, akataka kucheka, na badala yake akajikuta ameshika ukuta. Alilifikiria dume la babu. Hakufikiria zaidi ya hapo.

Kokugonza alipomuuliza, alisema msuli. Mwalimu alimtazama kwa muda, akaendelea kusahihisha madaftari.

Alhamisi hakwenda. Alikuwa na sababu, na sababu zake zilikuwa nzuri kama zilivyo sababu zote za mtu anayeogopa: geti la nyumba mpya ya Kiseke lilikuwa tayari na mwenye nyumba alilitaka siku hiyo hiyo. Nyumba ilikuwa juu ya majabali, na ziwa lilionekana lote kutoka pale. Asubuhi ile wadudu wa ziwani walikuwa wamepanda kutoka majini, wingu jeusi lililosimama wima juu ya maji na kuja taratibu kuelekea nchi kavu. Mafundi wake walifunga midomo kwa vitambaa. Simu ya Mashimba iliita mara kadhaa, namba ya hospitali, naye akaitia kwenye sanduku la vifaa, chini ya nyundo, akaendelea kuchomelea bawaba. Wadudu walipofika walijaa kwenye nywele, machoni, kwenye rangi mbichi ya geti, na kila aliyeyapangusa mabawa yao alibakiwa na weusi vidoleni. Mashimba aliogopa siku ile. Aliogopa kisu, aliogopa kuitwa nusu mtu na watu wale wale waliocheka uwanjani, na zaidi ya yote aliogopa kwamba wakimpasua watakuta kile kilichomuua baba yake.

Ndipo akapata wazo la mizizi. Bibi Minza bado alikuwa hai, macho yamepungua lakini mikono ingali na nguvu, na ile mizizi aliyokuwa akimchemshia baba hakuwa ameisahau. Kwamba mizizi ile haikumsaidia baba, Mashimba alilipita wazo hilo kama mtu anavyompita anayemdai. Jumapili akasema anakwenda Usagara kumsalimia bibi. Kokugonza akasema basi waende wote, maana bibi amekuwa akimuulizia mume wake mdogo.

Mume mdogo alikuwa Revocatus, mtoto wao wa pekee, wa miaka mitatu, ambaye nyumbani walimwita Revo na Usagara walimwita Pembe Mdogo. Bibi alikuja kukaa nao Mkolani alipozaliwa, akamkanda na kumuogesha mpaka kitovu kilipokauka, na tangu siku zile alimpa jina la baba yake. Mashimba alikuwa amejivunia jambo hilo. Aliwaambia mafundi kwamba siku moja kwenye kibao cha karakana ataongeza NA MWANA.

Walifika, wakaamkia. Bibi akaitikia shikamoo ya mume mkubwa na ya mume mdogo, akamkagua Kokugonza kama amenenepa, akawapa michembe, vile viazi vilivyokaushwa, na karanga. Mtoto akatoka kucheza na ndama, na haukupita muda akarudi amejaa kinyesi cha ng'ombe mpaka masikioni. Bibi akakataa kabisa mtu mwingine amguse. Akatia maji kwenye karai nyuma ya jiko, akamvua, akamsimamisha ndani. Kokugonza alikaa kwenye kigoda akimenya viazi. Mashimba alikaa karibu, ameegemeza mgongo wake kwenye ukuta wa jiko, akisubiri nafasi ya kutaja mizizi bila mkewe kusikia.

"Geuka nikusugue, mume wangu Pembe Moja," bibi alisema. Mtoto akageuka, akicheka kwa sababu ya baridi. Bibi akamwagia maji tumboni, akashuka, na sauti yake ikawa ya wimbo. "Na hii nyingine imejificha wapi? Hebu itoke, itoke, wanawake wasije wakakukimbia."

Revo akainama kujitazama, akaitafuta.

Mashimba alikuwa amelisikia jina lile maisha yake yote, na wimbo ule aliujua, ingawa hakuweza kusema ameusikia lini. Sasa alikaa akiwatazama wale wawili kwenye karai.

"Bibi," akasema. "Nyingine ipi?"

Bibi akacheka. Akasema amuulize mkewe, yeye ndiye anayembadilisha nguo.

"Nakuuliza wewe. Jina hili si la dume la babu?"

"Dume gani?" Bibi Minza aligeuka, mkono wenye sabuni ukiwa begani kwa mtoto. "Babu yako hajawahi kuwa na dume la pembe moja. Ng'ombe wake wote walikuwa na pembe zao."

Aliyasema hayo kwa furaha, kama mtu anayefichua mzaha mzuri aliouhifadhi kwa miaka. Na akaendelea, kwa kuwa alikuwa ameanza na utani ulikuwa haki yake. Yeye Mashimba alizaliwa na moja, ya kulia iko juu. Walingoja. Mama mtu alilia, akaambiwa asilie, ni mambo ya ukoo huu. Mpaka alipoanza kuchunga ndama ndipo ilipoteremka, siku moja tu, na bibi akachinja kuku bila kumwambia mtu sababu, watu wakala wakashukuru. Ya Revo nayo itateremka, asiwe na wasiwasi.

"Ila baba yako," bibi alisema, "yeye ndiye wa kwanza niliyemwita hivyo, na ya kwake haikushuka kabisa mpaka..."

Mkono wake ulikuwa ndani ya maji na haukutoka.

Mashimba alimgeukia mkewe. Kokugonza alikuwa ameshika kisu na kiazi, hamenyi. Alisema aliona tangu mtoto anazaliwa, na kwamba alimuuliza bibi, akaambiwa ni ya ukoo, huwa zinachelewa. Akadhani ni aibu kulitaja kwa mume. Kliniki walikuwa wakimpima mtoto uzito na kumchanja, hawakumvua, naye hakusema.

"Nilidhani unajua," alisema. "Jina umeliandika mpaka barabarani."

Hasira ilimshika Mashimba, hasira kali ya mtu aliyejikuta yeye peke yake ndiye asiyejua siri yake mwenyewe. Wanawake wa nyumba ile wote walijua. Walikuwa wamejua, wakaimba, wakacheka, wakachinja kuku, na yeye akaichora kwa rangi nyekundu akaitundika Mkolani. Alitaka kupiga kelele. Lakini alipomtazama bibi, aliona kwamba mtu aliyekuwa akihitaji kupigiwa kelele hayupo pale. Palikuwa na mwanamke mzee aliyepiga magoti kwenye tope, na mtoto uchi aliyekuwa bado anajitafuta kwa vidole viwili.

Kuna mambo ambayo mjukuu humwambia bibi yake kwa utani tu, na mengine hayasemwi kabisa. Mashimba aliyasema yote bila utani.

"Bibi, kile kilichomuua baba ninacho. Kiko upande ule ule ulioshuka mwisho. Daktari alitaka kunipasua Alhamisi, nikakimbia."

Kokugonza aliweka kiazi chini. Hakulia. Aliuliza tangu lini, akaambiwa. Akauliza mgongo ni hicho hicho, akaambiwa daktari anahofu hivyo. Akasimama, akaomba simu ya mumewe, akaitafuta ile namba iliyokuwa imeita na kuita, akaipiga mwenyewe pale pale uani huku ameshika kiuno. Alizungumza kwa sauti ya darasani. Aliyepokea alimwambia waje kesho asubuhi mapema. Kisha mwalimu akamtazama mwanawe na kueleza habari nyingine, polepole, neno moja moja, na akasikiliza kwa muda mrefu. Alipokata simu alisema wamewataka wote wawili, baba na mtoto. Miaka mitatu wameshachelewa, walimwambia, lakini afadhali kesho kuliko kungoja ndama.

Bibi alimtoa mtoto kwenye karai, akamkausha kwa kanga yake, akiwa mwangalifu sana alipofika chini, kama mtu anayekausha yai. Mashimba alimsogelea ili ampokee.

"Nilikuwa nacheka," bibi alisema. "Nilimchekea baba yako mpaka alipooa. Ningelisema jambo lenyewe waziwazi, pengine mtu angesikia."

Mashimba hakumsamehe wakati ule, wala hakumlaumu. Alimshika mkono akamwinua, na alipoinuka naye mgongo ukambana kwa nguvu, ukamlazimu kusimama kidogo mdomo wazi, akiangalia kaburi la baba yake kule kwenye ua wa minyaa. Hakuuliza habari za mizizi. Alijiuliza tu kama mpaka kesho ni mbali, na wiki zote zile alizozipoteza akijiambia ananawa zimekwenda wapi ndani ya mwili wake. Hofu haikuwa imepungua hata kidogo. Ila sasa ilikuwa na mtoto wa kumpeleka hospitali.

Waliaga mapema. Bibi aliwasindikiza mpaka njia panda, akitembea nyuma yao, amemshika Revo mkono. Pale ndipo ilipokuwa desturi yake kumwinua mume mdogo, kumnusa shavu na kumwita jina lake kwa sauti kubwa ili wauza mahindi wa barabarani wasikie na wacheke, na mtoto aliijua desturi hiyo. Alisimama mbele yake akangoja. Bibi alimtazama, akafungua mdomo, akaufunga.

"Bibi," Revo alisema, "hujaniita."

Wauza mahindi walikuwa wameshageuza vichwa, wanatabasamu. Bibi Minza aliinama taratibu mpaka uso wake ukalingana na wa mtoto. Jina la ubatizo hakuwahi kulitumia, na ulimi wake wa Kisukuma haukulizoea, akalitafuta kipande kwa kipande.

"Levokatusi," alisema.

Mtoto aligeuka akamtazama baba yake, kuuliza huyo ni nani.